Dalia Ndani ya Pipa la Mrututu

Marangu kukikucha hakuna anayelala. Jua lilikuwa bado halijapita juu ya mikahawa, na Eunike alikuwa ameshakata majani ya ng'ombe, ameshakamua, na ameshazoa samadi bandani na kuimwaga kwenye mashimo ya migomba. Mtoto wake Brenda alikuwa mgongoni. Hayo ndiyo maisha yake tangu alipoolewa katika kihamba kile, yaani shamba la nyumbani ambalo mume wake Godlove alilirithi kwa baba yake.

Lakini asubuhi hiyo gari lilikuwa linangoja barabarani. Mama mkwe wake, Bibi Magdalena, alikuwa anakwenda Moshi mjini kutibiwa macho.

Bibi alikuwa na mtoto wa jicho. Ukungu ulianza kidogo, akaupuuza. Akasema ni uzee. Akasema ni moshi wa kuni. Alipokuja kukubali, alikuwa hamwoni mtu tena, anaona kivuli chake tu. Binti yake Evelyn, anayeishi mjini, ndiye aliyemshinda kwa maneno. Daktari angepasua jicho moja kwanza, na la pili baadaye. Muda wote huo Bibi angekaa kwa Evelyn, mbali na jiko la kuni. Majirani walimtania, "Bibi, unaenda Moshi kukimbia moshi!" Yeye hakucheka.

Kabla ya kupanda gari alimshika Eunike mkono.

"Nipeleke kwenye dalia."

Dalia ni maua marefu. Yakistawi yanamfikia mtu mzima kifuani, na mengine yanampita. Chini ya udongo mmea huo una viazi vyembamba, vinafanana na viazi vitamu. Ukivitunza viazi hivyo, maua yanarudi mwaka hadi mwaka. Mzee Eliakim, marehemu mume wa Bibi, ndiye aliyezipanda dalia zile mbele ya nyumba, safu nzima. Alipofariki alizikwa hapohapo kihambani. Kila Krismasi, watoto wakirudi nyumbani kutoka mijini, Bibi alikata maua mekundu akayaweka juu ya kaburi. Sasa fuko, wale wanyama wadogo wanaochimba ardhini, walikuwa wameingia chini kwa chini wakala viazi, shina moja baada ya jingine. Ilikuwa imebaki dalia moja tu.

Bibi aliyapapasa majani yake.

"Miaka hii yote naishika tu," alisema. "Rangi yake naikumbuka kichwani. Nikirudi Krismasi nataka kuiona kwa macho yangu. Umenielewa, mwanangu?"

"Nimekuelewa, mama."

"Fuko wa Mama Primus asije akaimaliza."

"Hataimaliza, mama."

Hapa lazima nieleze, maana ugomvi huu ulijulikana mpaka sokoni Marangu Mtoni. Mama Primus ni jirani, kihamba chake kinapakana na cha Bibi. Aliwahi kufanya kazi kwenye shamba kubwa la maua kule upande wa Arusha, na sasa ana kitalu chake cha maua na miche. Mwaka mmoja aliwafukiza fuko wake kwa moshi wa pilipili. Fuko wakahama. Wakahamia wapi? Kwa Bibi Magdalena! Bibi akatangaza mbele ya watu kwamba Mama Primus asikanyage tena kihambani kwake. Mama Primus akajibu kwamba fuko hana chapa, na kama ana mwenyewe basi aletwe hakimu. Tangu hapo hawakusalimiana. Watu wazima na mvi zao, jamani!

Gari liliondoka. Eunike alibaki amesimama na ahadi yake.

Godlove ndiye aliyepata wazo. Yeye ni mwongoza wageni mlimani, na kesho yake alikuwa anapanda na kundi.

"Aisee, tuing'oe tuipande kwenye pipa," alisema. "Fuko hawezi kuingia kwenye pipa."

Wazo lenyewe lilikuwa zuri. Nalisema mapema, usije ukadhani kosa lilikuwa kupanda ua kwenye chombo. Hata. Kosa lilikuwa kwenye chombo chenyewe, na kwenye kilichotiwa ndani yake.

Godlove aliingia stoo ya kahawa akatoka na nusu pipa la plastiki. Ndilo ambalo baba yake alikorogea mrututu, ile dawa ya buluu ya kunyunyizia mikahawa. Alilisuuza mara moja, akamwaga maji.

"Tutoboe chini?" Eunike aliuliza.

"Utoboe pipa la baba? Pipa zuri halitobolewi, mke wangu. Siku nyingine nitalihitaji."

Kisha wakafanya kama wanavyofanya kwenye shimo la mgomba. Wakatia samadi mbichi ya asubuhi hiyo, nusu nzima ya pipa. Wakafunika kwa udongo. Wakapanda dalia. Mgomba unaipenda samadi, ua litaikataa kwa nini? Zamu yao ya mfongo, yaani mfereji wa maji wa kijiji, ilipofika, Eunike alijaza pipa mpaka maji yakasimama juu. Ukipata zamu, unamwagilia mpaka basi. Ndivyo walivyolelewa.

Jumapili Bibi alipiga simu.

"Dalia yangu inaendeleaje?"

"Nzima, mama. Tumeiweka kwenye pipa, fuko hataiona."

"Asante, mwanangu. Mungu akubariki."

Siku hiyo Eunike hakudanganya. Jumapili iliyofuata alidanganya.

Majani machanga yalikuwa yamegeuka manjano, na mishipa yake tu ndiyo iliyobaki kijani. Majani makubwa yalilegea. Eunike alipoyaona yamelegea alijiambia, ina kiu. Akaongeza maji. Kesho yake yakalegea zaidi. Akaongeza tena. Udongo ulikuwa umelowa kama uji, yeye bado anamwagilia!

"Dalia yangu je?" Bibi aliuliza kwenye simu.

"Salama tu, mama," alisema Eunike.

Jicho la kwanza lilipasuliwa salama. Bibi alianza kuona. Kila aliposimulia alivyoona kikombe, alivyoona kuku wa Evelyn, alivyoona vidole vyake mwenyewe, Eunike alizidi kuogopa. Zamani alimtunza mama asiyeona. Angekuja kumwambia nini mama anayeona? Na mjini si mbali. Bibi angeweza kupanda gari siku yoyote akatokea pale mlangoni.

Usiku hakulala vizuri. Mchana aliizunguka dalia kama mtu aliyepoteza kitu. Alikuwa na hofu, na alikuwa na aibu. Tangu aolewe alikuwa akijitahidi kumpendeza mama mkwe yule, na jambo la kwanza kubwa alilokabidhiwa lilikuwa linamfia mikononi.

Siku shina lilipoinama, Eunike alilishika alinyooshe. Likakatika mkononi mwake. Lilikuwa limeoza chini. Harufu iliyotoka ilikuwa ya choo.

"Yesu wangu!" alisema.

Wahenga hawakukosea: mficha maradhi, kifo humuumbua. Eunike alimfunga Brenda mgongoni akatoka mbio. Hakwenda kwa shangazi wala kwa mchungaji. Alikwenda moja kwa moja mpakani, penye uzio wa masale, mmea ambao huku hupandwa mipakani na hutumika kuombea msamaha, akaita.

"Hodi! Mama Primus! Hodi!"

Mama Primus alitokea na mikono yenye udongo. Nyuma yake kulikuwa na ndoo, madebe na matairi, na ndani ya kila kimoja ua refu limesimama wima, limefungwa kwenye mti wake wa kuegemea.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Leo umepotea njia, Mama Brenda?"

"Dalia ya mama inakufa. Ile ya mwisho. Nisaidie."

Eunike alieleza yote, akilia. Mama Primus alisikiliza bila kumkatiza. Alipomaliza, aliuliza jambo moja tu.

"Shina limekatika leo?"

"Sasa hivi."

"Basi huenda kuna kiazi kilicho hai. Lakini tukikiacha humo mpaka kesho kutwa, hakipo. Kilete."

"Pipa limejaa, mama. Haliinuki. Na mimi naogopa kuchokoachokoa humo, nitavikata. Njoo wewe."

Mama Primus alifuta mikono kwenye kanga yake.

"Siji."

"Mama, tafadhali!"

"Magdalena alisema mbele ya watu nisikanyage kwake. Sasa hayupo, yuko mjini kwenye matibabu, mimi niingie kama mwizi? Siji, mwanangu. Mpigie simu. Akisema niingie, nitaingia."

Sasa fikiria. Kumpigia ni kumwambia dalia inakufa. Ni kumwambia umemdanganya. Halafu ni kumwambia anayeweza kuiponya ni yule yule asiyetaka hata kulisikia jina lake. Eunike aliitazama simu. Alitamani Godlove awepo, lakini Godlove alikuwa juu mlimani ambako mtandao ni wa kubahatisha. Akabonyeza.

"Haloo? Mama Brenda? Leo si Jumapili," Bibi alisema. "Mtoto anaumwa?"

"Hapana, mama. Mama, nimekudanganya. Dalia si salama. Imeoza. Shina limekatika. Nilikuwa najua inaumwa, nikakwambia nzima. Nisamehe."

Upande wa pili zikasikika sauti za kuku wa Evelyn.

"Mama?"

Eunike aliibana simu sikioni.

"Mama, nipo hapa mpakani, na Mama Primus. Anasema huenda kuna kiazi kizima ndani. Lakini hawezi kuja mpaka wewe useme."

Eunike aliitazama simu, akidhani salio limekwisha. Kisha Bibi alisema kwa sauti kavu, "Mpe simu."

Mama Primus alipokea. Hakuna aliyesalimia.

"Fuko wako wamekula maua yangu yote," alisema Bibi, kwa sauti iliyosikika mpaka nje ya simu.

"Fuko si wangu, Magdalena. Hawana chapa."

"Imebaki moja."

"Nimeambiwa."

"Ni ya Eliakim."

"Najua ni ya Eliakim," alisema Mama Primus, na safari hii sauti ilikuwa ya chini.

"Ingia," alisema Bibi. Akakata simu.

Waliingia. Mama Primus alitazama pipa mara moja akapiga makofi ya mshangao.

"Loo! Tundu liko wapi?"

"Halina."

"Halina tundu! Sasa maji yatoke wapi, mwanangu? Mizizi inahitaji hewa kama wewe. Ukijaza maji kwenye chombo kisicho na tundu, unaizamisha."

"Lakini majani yalilegea. Nikajua ni kiu."

"Jani linalegea kwa mambo mawili. Udongo ukiwa mkavu, ni kiu. Udongo ukiwa umelowa na jani bado limelegea, mizizi imeoza, haiwezi kunywa. Ukiongeza maji hapo unaua. Kabla ya kumwagilia, tia kidole kwenye udongo mpaka kifundo cha pili. Pakiwa pabichi, weka kopo chini uondoke."

Walivaa mifuko ya plastiki mikononi. Wakalilaza pipa polepole juu ya turubai. Samadi ilitoka nyeusi, imevunda, bado ina joto. Mama Primus alitikisa kichwa.

"Samadi mbichi. Shimo la mgomba ni kubwa, samadi inapata pa kupoa. Ndani ya chombo joto linabaki humohumo, linaunguza mizizi. Ya chombo lazima iwe imeoza kabisa. Ukiishika iwe kama udongo mweusi, haina harufu."

Kisha aliinama. Alikuwa anaangalia ndani ya pipa. Kule chini, pembeni, kulikuwa na ukoko mgumu wa buluu.

"Mama Brenda. Pipa hili lilikuwa la nini?"

"La mzee. La kukorogea mrututu."

"Mungu wangu!" Mama Primus alirudi nyuma hatua. "Mrututu ni shaba. Kidogo kwenye jani la kahawa unazuia ugonjwa. Ukikaa kwenye udongo unachoma mizizi. Yale majani machanga ya manjano yenye mishipa ya kijani, pengine ni kazi yake. Maji peke yake yangetosha kuiua dalia. Hapa mmeiua mara tatu!"

"Godlove alilisuuza."

"Alilisuuza! Chombo cha dawa ya shamba hakisuuziki kikawa chombo cha kitu kingine. Si cha ua, si cha maji, si cha pumba za ng'ombe, si cha pombe ya mbege. Sikia vizuri. Mbege inavyochacha, ikikaa humu na shaba, wanywaji wote mtawapeleka hospitali."

Eunike alijishika kifua. Mwezi uliopita Godlove alikuwa amesema wamtilie ng'ombe maji katika pipa lile. Walighairi kwa sababu ya uvivu tu, hawakutaka kulibeba.

"Na udongo huu nimwage kwenye mfongo?"

"Wee! Watu wa chini wanakunywa mfongo huo. Utie kwenye gunia, uuweke pakavu, mbali na ng'ombe na kuku. Kesho umwone bwana shamba wa kata, akuelekeze pa kuupeleka, na pipa lake pamoja. Usilichome moto."

Kisha akapiga magoti, akaanza kupekua ule uchafu kwa vidole, taratibu. Kiazi cha kwanza kilipasuka kama ndizi iliyooza. Cha pili hivyohivyo. Cha tatu kilikuwa kigumu, na Eunike akaruka kwa furaha.

"Tulia," alisema Mama Primus. "Hiki hakina jicho. Jicho la dalia halipo kwenye kiazi chenyewe kama la viazi mviringo. Lipo juu, shingoni, kiazi kinapoungana na shina. Kiazi kisicho na shingo hakioti hata ukikiombea."

Alipekua tena. Eunike alihesabu viazi vinavyotupwa na kila kimoja kilimchoma moyoni. Mwishoni kabisa, Mama Primus aliinua kimoja, chembamba, si kikubwa kuliko kidole gumba. Alikisafisha kwa maji safi. Kilikuwa na shingo. Shingoni kulikuwa na kinundu kidogo cha rangi ya waridi.

"Hiki," alisema.

"Hicho tu?"

"Hiki tu. Mshukuru Mungu."

Alikata sehemu zote laini kwa kisu alichokichoma motoni. Akapaka majivu makavu kwenye kidonda. Akakiweka kivulini kikauke.

"Sasa nataka ndoo. Ya lita ishirini, mpya au safi, isiyowahi kubeba dawa. Ua refu lina mizizi ya kwenda chini. Ukilipa kikopo, litakua fupi au litaanguka."

Eunike alikuwa na ndoo moja nzuri, ile ya kuchotea maji ya kunywa. Aliileta. Mama Primus alikuwa ameshachoma msumari mnene kwenye makaa.

"Unaitoboa kweli?" Eunike aliuliza.

"Unataka ndoo au unataka dalia?"

Eunike alichukua msumari kwa koleo akatoboa mwenyewe. Matundu manne chini, na mengine ubavuni karibu na chini. Moshi wa plastiki ukamwingia puani. Kila tundu lilimuuma, maana mwanamke anayechota maji anajua thamani ya ndoo nzima.

Baada ya kiazi kukauka vizuri walichanganya udongo. Makopo mawili ya udongo mweusi wa juu, kopo moja la samadi iliyooza, kopo moja la mchanga. Waliweka vigae juu ya matundu ili udongo usitoke. Wakasimika kwanza mti wa kuegemea. Kisha ndipo wakakilaza kiazi, jicho likitazama juu.

"Mti unatangulia," alisema Mama Primus. "Ukiusimika baadaye, utakichoma kiazi gizani usijue."

Ndoo waliiweka juu ya mawe, ili matundu yasizibwe. Waliiweka upande wa jua la asubuhi, ukutani, ambako upepo wa mlimani haupigi sana.

"Nimwagilie sasa?"

"Udongo una unyevu. Usiguse maji mpaka uone chipukizi."

"Lakini zamu yetu ya mfongo ni kesho."

"Zamu ni ya migomba. Dalia haijui zamu."

Hapo ndipo mateso yalipoanza. Zamu ilifika, maji yakapita yanaimba kando ya nyumba, na Eunike akasimama na kopo mkononi. Alitia kidole. Pabichi. Akaweka kopo chini. Zamu nyingine ikapita. Ndoo bado ni udongo mtupu. Godlove alirudi kutoka mlimani akaelezwa. Masimulizi yalipofika kwenye habari ya pipa na ng'ombe, alikaa kwenye benchi akashika kichwa. Kesho yake alilipeleka pipa mwenyewe kwa bwana shamba.

"Kama kimeoza humo, je?" alimuuliza mkewe. "Tufukue tuone?"

"Ukifukua nitakufukuza humu ndani," Eunike alisema, na hakuwa anatania.

Bibi aliendelea kupiga simu Jumapili. Sasa Eunike alisema kweli, hata ilipokuwa chungu.

"Imeota?"

"Bado, mama."

"Haya," Bibi alisema. Akakata simu. Wala hakusema amesamehe.

Asubuhi moja, Eunike akiwa na majani ya ng'ombe kichwani, aliona kitu chekundu-kijani kikisukuma udongo. Aliyaangusha majani. Akapiga vigelegele mpaka Brenda akalia kwa woga. Mama Primus alikuja akikimbia na mwiko mkononi, akidhani kuna msiba.

Chipukizi lilikua. Sasa Eunike aliruhusiwa kumwagilia, maji ya kutosha mpaka yatoke chini, kisha asubiri mpaka kidole kiseme tena. Alilifunga shina kwenye mti kwa kitambaa laini, fundo lisilobana. Lilipofikia jozi nne za majani, Mama Primus alikuja akasema, "Sasa likate kichwa."

"Nini?"

"Kichwa. Ukikiacha, litakwenda juu peke yake, jembamba, upepo ulivunje, ua moja basi. Ukikikata, litatoa matawi."

"Mama Primus, lipo hili moja duniani!"

"Ndiyo maana. Hicho kichwa tutakipanda kwenye mchanga. Kikitoa mizizi, yatakuwa mawili."

Eunike alichukua kisu. Alifumba macho, akayafumbua haraka, maana nani anakata akiwa amefumba? Akakata. Kichwa kile kilikaa kivulini kwenye kopo la mchanga wenye unyevu, kimenyauka, kikawatia wasiwasi wote. Halafu siku moja kikasimama. Shina la mama nalo likatoa matawi manne, likapita kimo cha dirisha. Mvua za vuli zilikuja na upepo. Migomba miwili ililala chini. Dalia iliyumba kwenye mti wake, haikuvunjika.

Siku chache kabla ya Krismasi, gari lilisimama barabarani. Bibi Magdalena aliteremka bila kushikwa mkono. Alivaa miwani myeusi, maana jicho la pili nalo lilikuwa limeshapasuliwa. Alitembea peke yake, akikwepa mawe.

Dalia ilikuwa na maua matatu yaliyofunguka, mekundu, makubwa kama sahani za chai, na machanga mengi. Eunike alisimama kando ya ndoo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Bibi alivua miwani. Alitazama maua. Alitazama ndoo, matundu, mawe, mti, kitambaa. Kisha aligeuka akamtazama Eunike. Alimtazama muda mrefu, mpaka Eunike akainamisha uso.

"Inua uso," alisema Bibi. "Ulikuja hapa macho yangu yameshaharibika. Miaka yote hii unaniandalia chakula, sikuwahi kukuona. Cheka kidogo."

Eunike alijaribu kucheka, machozi yakamtoka.

"Kumbe una mwanya!" Bibi alisema. "Godlove, wewe mtoto, mbona hukuniambia mke wako ana mwanya?"

"Uliniambia nisisifie mke mbele yako," Godlove alisema. Wote wakacheka, na Bibi akacheka kuliko wote.

Siku ya Krismasi, baada ya ibada, kihamba kilijaa watu. Bibi alimtuma Godlove kwa jirani. Mama Primus alikuja na kitenge chake cha kanisani, akasimama mbali kidogo. Bibi akamkabidhi kopo lenye dalia changa, ile iliyotoka kwenye kichwa kilichokatwa, tayari ina mizizi. Alimwambia aiweke mbali na fuko wake. Mama Primus alisema fuko si wake, na akaipokea kwa mikono miwili.

Kisha Bibi alikata maua mawili mekundu, akamshika Eunike mkono, wakaenda kaburini. Aliyaweka maua juu ya saruji. Akamsogeza Eunike mbele, pale ambapo mtu husimama akitaka kuonekana.

"Eliakim," alisema Bibi, "huyu ndiye mkwe wetu. Nimemwona."